Bibi anabadilisha hadithi ya kuvuka Ruvuma: nichore ipi?

"Mimi ni mchoraji, naishi Mtwara mjini, nina miaka 31. Bibi yangu mzaa mama alivuka Ruvuma kutoka upande wa Mueda, Msumbiji, akiwa msichana mdogo, wakati wa vita vya Mreno. Tangu Januari nimekuwa nikimrekodi kwa simu ili nipate picha kumi na mbili za maonyesho. Shida ni kwamba hadithi haitulii. Siku moja walivuka usiku kwa mtumbwi, siku nyingine walivuka mchana kwa miguu, maji yakiwa magotini. Mara mdogo wake alifia njiani, mara alifia Rutamba, kwenye makazi ya wakimbizi. Wiki mbili zilizopita nilimbana aniambie ipi ni kweli. Akanyamaza. Tangu siku hiyo halali vizuri, na usiku huita jina ambalo mimi silijui. Mjomba amekasirika, anasema nafukua makaburi. Rafiki yangu msanii wa Dar es Salaam anasema sanaa haiombi ruhusa. Niendelee au niache? Nikiendelea, nichore hadithi ipi? Na nina haki gani ya kuchora vita ambavyo sikuviona?"

Mwanangu, kabla ya rangi na kanvasi tumtazame bibi kwanza. Weka simu pembeni. Sikwambii uache kazi, nakwambia uache kurekodi, kuanzia leo, mpaka usingizi wake urudi. Picha zinaweza kungoja. Mzee wa umri wake akikosa usingizi kwa siku nyingi hudhoofika upesi kuliko mimi na wewe, na hapo chini nitakueleza dalili zipi zikufanye umpeleke hospitali bila kusubiri.

Nikisoma barua yako naona maswali matatu juu, na chini yake woga mmoja: kwamba huenda bibi anakudanganya, au anasahau, na wewe utasimama mbele ya watu na picha ya uongo. Naanza na huo woga, maana ndio uliokufanya umbane.

Watu wengi tunadhani kumbukumbu ni kama picha iliyofungiwa sandukuni: ukifungua, ipo vilevile, labda imepauka. Haiko hivyo. Kila mtu anapokumbuka, akili hulijenga upya tukio kwa vipande ilivyonavyo, na vipande vinavyokosekana huvijaza kwa vile inavyovijua kutoka kwingine: alichosimuliwa na dada yake, alichokisikia redioni, hata swali ulilomuuliza wewe wiki iliyopita. Kisha kile kilichojengwa leo ndicho kinachowekwa tena, na kesho kitatolewa kikiwa na alama za leo. Hilo linatupata sote, hata ukikumbuka harusi ya rafiki yako.

Kumbukumbu ya hofu kubwa ina tabia yake zaidi. Mtu akiwa katika hatari, akili hushika kitu kimoja au viwili kwa nguvu ya ajabu na kuviachia vingine vyote. Hushika harufu ya nyasi za paa zinazoungua, ubaridi wa matope kati ya vidole, mkono wa mama uliomziba mdomo mtoto asilie. Kinachopotea mara nyingi ni mpangilio: kipi kilitangulia, ilikuwa saa ngapi, walikuwa wangapi. Ndiyo maana ukimuuliza mzee "mlivuka lini?" anayumba, lakini ukikaa naye jikoni moshi ukampiga usoni, anaweza kukueleza jambo la miaka sitini iliyopita kwa ufasaha unaotisha. Wewe ulimuuliza mpangilio, yaani kile ambacho akili yake haikukitunza.

Sasa ongeza jambo ambalo watu wa mjini hulisahau. Ruvuma haukuvukwa mara moja. Angalia miaka yenyewe. Tarehe 16 Juni 1960 Wareno waliwapiga risasi watu waliokusanyika mbele ya ofisi ya utawala pale Mueda, na kuna waliokimbilia Tanganyika baada ya hapo. FRELIMO, chama cha ukombozi wa Msumbiji, ikaundwa Dar es Salaam tarehe 25 Juni 1962. Vita vyenyewe vikaanza tarehe 25 Septemba 1964, na ndipo watu wakamiminika huku kwa maelfu. Mwaka 1970 jeshi la Ureno likafanya operesheni kubwa kabisa juu ya uwanda wa Mueda. Mkataba wa Lusaka ukatiwa saini tarehe 7 Septemba 1974, na uhuru ukaja tarehe 25 Juni 1975. Kabla ya yote hayo wanaume wa Kimakonde walikuwa wakivuka miaka na miaka kuja kutafuta kazi kwenye mashamba ya mkonge, wengine wakarudi, wengine wakabaki. Na wakati wa vita wenyewe, wanawake na wasichana walibeba chakula na risasi kichwani, kwenda na kurudi, kwa ajili ya wapiganaji.

Kwa hiyo bibi aliyevuka usiku kwa mtumbwi na bibi aliyevuka mchana maji yakiwa magotini wanaweza kuwa mtu mmoja katika safari mbili. Masika mto ule unatisha. Kiangazi zipo sehemu ambazo mchanga unajitokeza na mtu mzima anapita kwa miguu. Wewe ulisikia hadithi moja yenye matoleo mawili yanayopingana, na inawezekana kabisa alikuwa anakusimulia misimu miwili tofauti. Kiswahili chetu nacho kinachangia: mzee akisema "tulivuka", hakuna kitu katika neno hilo kinachokwambia ni mara ya kwanza au ya tano.

Kuhusu mdogo wake sitabahatisha. Njiani au Rutamba, hapo huenda kuna kitu kingine, na nitakirudia mwishoni.

Usisahau pia kwamba kunyamaza kulifundishwa. Mtoto aliyekulia katika vijiji vile alijua kuwa neno moja kwa mtu asiye sahihi linaweza kuleta askari au mpelelezi wa Mreno mlangoni. Alipofika upande huu akakutana na sababu nyingine ya kunyamaza: kuitwa Mmawia, jina la dharau kwa Mmakonde aliyetoka Msumbiji. Vijana wa leo hulitamka neno hilo kwa utani, lakini waulize wazee lilivyotumika kisimani na shuleni, jinsi mtu alivyotazamwa chale za usoni na kuambiwa si wa hapa. Wapo waliojifunza kusimulia kwa namna tatu: ya mwandikishaji wa wakimbizi, ya majirani, na ya watoto wa nyumbani. Zote zina ukweli ndani yake, na kila moja ilimlinda mtu fulani.

Nikuungamie kosa langu. Miaka mingi nyuma, nikikusanya simulizi katika kijiji kimoja cha Tandahimba, nilimng'ang'ania mzee mmoja anipe tarehe aliyoondoka kwao. Nilikuwa na fomu, na fomu ilikuwa na kisanduku cha tarehe. Alikataa mara mbili. Mara ya tatu akatabasamu akaniambia, "Andika tarehe ishirini na tano, mwezi wa sita." Nikaandika kwa furaha. Nilikuwa nimeshapanda gari ndipo nikang'amua: alinipa siku ya uhuru wa Msumbiji. Ndiyo tarehe aliyoijua, na aliona nina njaa ya tarehe, akanilisha. Ukimbana mzee atakupa jibu, na jibu hilo utakuwa umelitengeneza wewe.

Kuna fikra nyingine niisahihishe haraka, maana inaonekana kidogo katika barua yako: kwamba akisema yote atatua mzigo. Inategemea. Wapo wanaopata nafuu wakizungumza kwa hiari yao, kwa kasi yao, na mtu wanayemwamini, na wakijua wanaweza kuacha wakati wowote. Lakini kumfanya mtu asimulie jambo la kutisha kwa kina wakati hajataka hakumponyi. Kunaweza kumrudisha kulekule. Hata wataalamu wa afya ya akili wameacha desturi ya kuwakusanya watu walionusurika na kuwataka wasimulie kila kitu kwa mkao mmoja, kwa sababu ilionekana haisaidii na wengine huwaumiza.

Na huenda si swali lako peke yake lililomwamsha. Tangu tarehe 5 Oktoba 2017, vita vilipoanza Mocímboa da Praia, kaskazini mwa Msumbiji, majina ya vijiji vya utoto wake yamekuwa yakirudi kwenye redio. Oktoba 2020 kijiji cha Kitaya, huku kwetu kando ya Ruvuma, kilivamiwa na watu wakauawa. Machi 2021 ikawa zamu ya mji wa Palma, ng'ambo kule, na watu wakakimbia tena kwa njia zilezile. Wewe unazisikia kama habari. Bibi anasikia kwamba kile alichodhani kimekwisha hakijakwisha. Chunguza redio inawashwa saa ngapi pale nyumbani, na anaisikiliza na nani.

Sasa mjomba na rafiki yako wa Dar.

Rafiki yako ana nusu ya ukweli. Ipo sanaa isiyoomba ruhusa, na ni sanaa inayomkabili mwenye nguvu. Malangatana Ngwenya wa Msumbiji hakumwomba Mreno kibali cha kuchora miili iliyobanana na macho yaliyotoka, na alifungwa na polisi wa siri wa Mreno katika miaka ya 1960. Lakini bibi yako si dola. Ni mzee aliyelala chumba cha pili, na kilichomo kifuani mwake ni chake. Kumwomba ruhusa yeye hakukupunguzii ushujaa wowote.

Mjomba naye usimwone adui. Unajua kwetu Wamakonde ukoo unakwenda kwa mama, na mjomba ndiye msemaji wa mambo ya nyumba. Anaposema unafukua makaburi, sidhani anazungumza kimafumbo tu. Kuna watu wa ukoo huo ambao hawakuzikwa, au walizikwa msituni haraka bila matanga, na yeye anajua majina yao. Ulipaswa kuanzia kwake. Bado hujachelewa. Nenda kama mpwa, usiende kama msanii: nenda na mtu mzima mwingine wa ukoo, omba radhi kwa kuanza bila kumwambia, kisha mwulize swali moja tu: "Mjomba, lipi lisiguswe?" Atakachokutajia kisiguswe, usikiguse, hata kama ndicho kizuri kuliko vyote. Utashangaa ni mengi kiasi gani yatabaki.

Kuhusu haki yako ya kuchora. Unaniuliza kana kwamba vita vilikuwa vya kule na wewe ni wa huku. Mtwara haikuwa ukingoni mwa vita vile. Kambi kubwa ya mafunzo ya FRELIMO ilikuwa Nachingwea. Hapa Mtwara mjini palikuwa na hospitali yao ya Américo Boavida, iliyopewa jina la daktari Mwangola aliyeuawa vitani mwaka 1968. Majeruhi walivushwa mto wakaletwa huku. Rutamba, mkoani Lindi, kulikuwa na makazi ya maelfu ya wakimbizi, watu waliofyeka pori wakalima. Na wewe ulizaliwa kwa sababu msichana mmoja alifika ng'ambo hii akiwa hai. Kwa hiyo una haki, lakini haki hiyo ina mpaka. Huna haki ya kuvichora kana kwamba ulikuwepo. Unayo haki kamili ya kuchora jinsi vilivyokufikia wewe.

Hapo ndipo penye jibu langu la "nichore ipi", na naomba ulifikirie taratibu. Nadhani picha kumi na mbili ulizozipanga, safari kutoka mwanzo hadi mwisho kama vibonzo, zilikuwa kosa tangu mwanzo. Zinadai mpangilio ambao aliyeishi safari hana. Ndiyo maana ulihitaji kumbana: mpango wako wa maonyesho ndio uliokuwa ukimhoji bibi, wewe ulikuwa mjumbe tu.

Mfikirie Käthe Kollwitz, msanii wa Ujerumani. Mwanawe Peter aliuawa Ubelgiji Oktoba 1914, akiwa kijana mdogo. Mama akaanza kufikiria mnara wa kumbukumbu. Mwanzo alipanga kumchonga mwanawe amelala, na wazazi kandoni mwake. Akaacha, akarudi, akaacha tena. Sanamu ziliwekwa makaburini mwaka 1932, karibu miaka kumi na minane baadaye, na mwana hayumo. Wamebaki wazazi wawili tu, wamepiga magoti, kila mmoja peke yake amejikumbatia. Aliondoa kitu ambacho hakukiona, yaani kifo chenyewe, akabakiza alichokijua. Sisemi ungoje miaka kumi na minane. Nasema mtu mwenye kipaji kile alihitaji muda wote huo kujua kipi ni chake kuchonga.

Karibu na nyumbani zaidi yupo Reinata Sadimba, mfinyanzi Mmakonde aliyezaliwa uwanda wa Mueda mwaka 1945. Aliishi vita vya uhuru, na katika miaka ya 1980 akahamia Tanzania, akaishi huku mpaka mwaka 1992 alipokwenda Maputo. Tafuta picha za kazi zake. Hutakuta bunduki kila mahali. Utakuta vyungu vyenye nyuso, wanawake wenye watoto juu yao na ndani yao, na ngozi ya udongo iliyochanjwa chale. Kwa macho yangu kazi zile zinazungumzia kuhama na kupoteza kuliko picha nyingi za moshi na helikopta. Ile njia ya bunduki ipo na imefanywa vizuri: msanii Kester wa Msumbiji alitengeneza kiti cha enzi, mwaka 2001, kwa silaha zilizosalimishwa baada ya vita vya wenyewe kwa wenyewe vya nchi hiyo, na Gonçalo Mabunda ametengeneza vinyago kwa silaha vilevile. Wao waliishika chuma yenyewe iliyoua. Wewe ukichora AK-47 kutoka kwenye simu yako, utakuwa unachora bango.

Hata uchongaji wa kisasa wa Kimakonde, ule tunaouona kama wa asili tangu enzi na enzi, umezaliwa katika kuhama. Wachongaji walivuka kutoka Mueda kuja kwenye mkonge na mjini, wakakutana na wanunuzi, wakabuni. Mtindo wa shetani, yaani sanamu za mapepo, unaohusishwa na mchongaji Samaki Likankoa, na ile nguzo ya ujamaa ya watu waliopandana mabegani, vilikomaa upande huu, mikononi mwa watu waliokuwa mbali na kwao. Nikiitazama nguzo ya ujamaa siku hizi huwa naona pia watu walioshikana ili mtu asipotee njiani, ingawa najua wachongaji wengi watanicheka.

Sasa tuje kwako. Una nini mkononi ambacho ni chako bila ubishi? Una sauti yake kwenye simu, pamoja na vituo vyake vya kimya. Una mivuko miwili isiyokubaliana. Una uso wenye chale, ulioutazama tangu ukiwa mchanga kabla hujajua zina maana gani. Unajua anavyopika, anavyofunga kanga, anavyofunga mlango. Ungechora mivuko yote miwili, kitambaa kwa kitambaa, ukubwa uleule, bila kumwambia mtazamaji upi ni wa kweli? Ungechora mikono yake ikimenya ming'oko, vile viazi vya porini? Mtu wa Kusini akiona ming'oko hahitaji kuelezwa njaa ya msituni. Ungepanda Newala, ukasimama Shimo la Mungu, pale ukingoni mwa uwanda, asubuhi hewa ikiwa safi, ukachora bonde la Ruvuma na ng'ambo yake ya bluu, ukachora kila mwezi kwa mwaka mzima? Ni mandhari tu, lakini ni mandhari ambayo bibi yako amekaa nayo mgongoni miaka sitini.

Kwa wale wanaopenda vifaa, na najua mchoraji hawezi kusoma bila kuuliza "kwa rangi gani": udongo mwekundu wa uwanda wa Newala ni rangi nzuri mno, na haufifii juani. Uloweke ndooni, koroga, acha mchanga utulie chini dakika chache, kisha mwaga yale maji mekundu kwenye chombo kingine. Acha yatuame siku moja mbili, mimina maji ya juu, kausha tope, lisage laini. Changanya na gundi nyeupe ya maseremala iliyopunguzwa maji kidogo. Jaribu kwanza pembeni: ukipitisha kidole kikatoka na vumbi, gundi haijatosha. Pakaza marikani rangi nyeupe ya maji mara mbili kabla ya kuchora, la sivyo hewa ya chumvi ya Mtwara na ukungu wa masika vitakula kitambaa. Na kama umeshawishika na mafuta ya maganda ya korosho kwa sababu ya weusi wake mzuri, tahadhari: yanaunguza ngozi vibaya, hasa yakiwa mabichi, na moshi wake ni mkali. Nimeona fundi akichubuka mikono hadi viwiko.

Chaguo la kuacha kabisa nalo lipo, na sitalidharau. Bibi akisema hapana, jibu ni hapana, hata kama maonyesho yamepangwa na kadi zimechapwa. Kuna njia ya katikati ambayo wasanii hawaipendi lakini mimi naiheshimu: unachora sasa, unafunga, unaonyesha baadaye, yeye akiwa ameruhusu au ukoo ukiwa tayari. Hasara yake ni kwamba riziki yako inangoja. Faida yake ni kwamba utachora bila kumfikiria mtazamaji, na mara nyingi huko ndiko picha bora zinakotoka. Chaguo ambalo sikushauri ni kuchagua toleo moja, lile lenye mtumbwi na usiku kwa kuwa linapendeza, kisha kuliandika ukutani kama historia.

Rekodi ulizonazo zichukulie kuwa ni zake. Usizitume kwa rafiki wala usizicheze kwenye maonyesho mpaka azisikie mwenyewe na akubali, kwa sikio lake, kipande kwa kipande. Mweleze kwa lugha anayoizoea kwamba picha zitatazamwa na wageni, pengine zitauzwa, pengine zitawekwa mtandaoni na kusambaa usipotaka. Mwulize kama anataka jina lake litajwe. Na picha ikiuzwa, mpe fungu lake. Sheria itakutambua wewe kama mwenye mchoro, lakini najua nyumba zilizovunjika kwa sababu mjukuu alikula peke yake.

Nilikuahidi kuhusu hospitali. Kama bibi amechanganyikiwa ghafla ndani ya siku chache, hajui yuko wapi, anawaita watu wa nyumbani kwa majina ya wengine mchana kweupe, ana homa, au amekataa kula na kunywa, mpeleke siku hiyohiyo. Kwa mzee mambo hayo mara nyingi ni malaria, maambukizi ya mkojo, sukari, au dawa anazotumia, na yanatibika. Msiyaite mizimu kwanza. Kama ni usingizi tu na ndoto mbaya, na tayari zimefika wiki mbili, au anashtuka kwa kila mlio, au anasema heri angekufa, ni wakati wa kumwona mtaalamu wa afya ya akili. Nenda hospitali ya mkoa pale Ligula, au hospitali ya rufaa ya kanda. Aliyeko Lindi aanzie hospitali ya Sokoine. Uliza pia ofisa ustawi wa jamii. Tafuteni anayeweza kuzungumza naye Kimakonde, kwa maana maumivu ya zamani hayasemeki vizuri kwa lugha uliyojifunzia ukubwani. Kama anaswali au anasali, kiongozi wake wa dini anayemwamini asaidie pia, mradi asiwe mtu wa kumlazimisha atubu au asimulie. Na wewe mwenyewe, ukianza kuota mto ambao hukuuvuka, usijione dhaifu. Kusikiliza kuna uchovu wake. Zungumza na mtu.

Wiki hii, basi, usimrekodi. Kaa naye tu. Mpelekee mbaazi mmenye pamoja, zima redio saa ya taarifa ya habari, lala chumba kimoja naye kama atapenda. Akishtuka usiku, mwambie kwa upole wewe ni nani, yuko nyumba gani, na kwamba ni Mtwara. Taa ndogo iwe karibu.

Na lile jina. Usimuulize yeye. Ni la mtu fulani, na huenda ndilo jibu la lile swali lako la njiani au Rutamba, au huenda halihusiani kabisa. Mwulize mjomba, siku nyingine, si siku ile ya kuomba radhi. Mwulize kama jina hilo liliwahi kurithiwa na mtu pale nyumbani, na kama mwenye jina aliwahi kufanyiwa matanga. Ikiwa hakufanyiwa, huenda ukoo ukaona kuna jambo la kufanya kabla ya picha yoyote, na ikiwa hivyo, siku hiyo utahitajika kubeba maji na kupika pamoja na wengine.